Mwaka Nilipowapikia Wapiganaji

Bi Hoa amezikwa Jumanne, na leo Jumamosi nimemwita mjukuu wangu Zawadi, nimemwamuru azime simu, achukue daftari, aandike. Mimi sikusoma. Sikuketi darasani hata siku moja, na karatasi za serikali nazitia dole gumba. Lakini Kiswahili ninacho, tena kilichonyooka, maana baada ya kutoka Kongo niliishi Kigoma miaka mingi, na huko ukiyavuruga maneno sokoni watu hukucheka mpaka uyapange. Zawadi amezaliwa hapa Sydney. Nikisema naye Kiswahili hunijibu Kiingereza, huniita Koko kama watoto wa kwetu wanavyowaita bibi zao, na neno asilolielewa hulipita kama mtu anayeruka dimbwi. Leo nimemkataza kuruka. Asilolijua ataniuliza, nitamweleza, kisha ataliandika. Ameomba anirekodi kwa simu tu, ingekuwa haraka. Nimemwambia hapana. Sauti ya mtu husikilizwa huku vyombo vinaoshwa. Maandishi humtaka msomaji akae chini.

Bi Hoa alikuwa jirani yangu wa ukuta mmoja hapa mtaani Cabramatta kwa miaka tisa. Alikuwa amepita miaka tisini, mfupi, mgongo umepinda, na macho yake hayakuchoka kutazama. Lugha hatukuwa nayo. Tulipotaka kuzungumza jambo zito ilibidi tuketi watu wanne: yeye aliseme kwa Kivietinamu, kitukuu wake aligeuze kuwa Kiingereza, Zawadi aligeuze kuwa Kiswahili, nami nilipokee likiwa limeshapoa. Lakini siku ya kwanza kabisa hatukuhitaji mtu. Nilikuwa nakwangua ukoko wa wali, mlango nimeuacha wazi, naye akasimama kizingitini, akanyoosha mkono, akachukua kipande bila kukaribishwa, akakitafuna kwa meno yake machache huku amefumba macho. Kesho yake akaniletea ukoko wa kwake, ameupaka mafuta ya vitunguu vya majani. Wajukuu zetu walitushangaa. Wao wanapika wali kwa mtungi wa umeme ambao hauunguzi kitu, na wakiona chungu kimeshika chini hukiloweka na kukimwaga.

Alikulia Hanoi, mji ambao Wafaransa walikuwa wameujenga kwa raha zao, na Wajapani walipoingia, ofisa wao mmoja alipewa chumba cha juu katika nyumba ya kina Hoa. Yeye alikuwa msichana wa miaka kumi na mmoja, na kazi yake ilikuwa kumpandishia maji ya moto. Aliniambia kwamba yule ofisa alikunja soksi zake kama mtu anayefunga barua. Aliniambia kwamba ilikuwa lazima kumwinamia mlinzi wa darajani, na kwamba bibi yake alizunguka njia ndefu kila alipokwenda sokoni ili shingo yake isimwinamie mtu. Kisha mchele ukachukuliwa, njaa ikaja, watu wakalala barabarani wasiamke, na yeye akaendelea kupandisha maji, akinusa kwenye ngazi wali wa yule mtu. “Nilimchukia,” alisema, “lakini kila siku nilitaka kujua leo amekula nini.” Zawadi alipoyageuza maneno hayo nilitikisa kichwa kukubali mpaka kilemba kikalegea, maana sikuwa nimepata kumsikia mtu mwingine akilikiri jambo hilo. Naye akaniuliza: mji wenu ulipokaliwa na wenye silaha, wewe ulikuwa wapi? Nikamjibu kwamba nilikuwa jikoni. Nikamtajia vyakula, mboga moja moja, naye akauliza habari za kila mboga. Nikaishia hapo. Alifia hospitali kule Westmead, na nilipoketi msibani mbele ya picha yake, ubani ukifuka, niliona aibu ya mtu aliyeletewa sahani miaka tisa akazirudisha tupu. Kwa hiyo haya yaliyobaki Zawadi anayaandika.

Mji wetu ni Kindu, kando ya mto Lualaba. Wabelgiji waliujenga kwa ajili ya reli: stesheni, depo za mizigo, na nyumba za matofali zenye baraza pande zote, ambako sisi tulifika kwa mlango wa nyuma tu. Habari za ukoo wangu sitazieleza, haziwahusu wasomaji. Yatosha kusema kwamba mama alikwisha kufariki, na baba alikuwa karani wa mizigo, mtu wa kalamu mbili mfukoni. Nilikuwa na miaka kumi na mitatu. Bendera ya Wabelgiji ilikuwa imeshushwa miaka michache nyuma, ila wenyewe walikuwa bado barazani mwao wakinywa kahawa. Kiangazi cha mwaka ule wakaja wapiganaji. Asubuhi askari wa serikali walikimbia, na kabla ya adhuhuri wageni walikuwa wameujaza mji, vijana tu, wamevaa ngozi za wanyama na majani vichwani, wachache na bunduki, wengi na mikuki. Nilijificha nyuma ya ukuta wa stesheni, lakini nilijificha mahali penye tundu, kwa sababu nilitaka kuona. Sikumbuki kwamba nilijiuliza kama wataniua. Nakumbuka nilijiuliza ni nani huwafulia zile ngozi.

Waliamini dawa. Mganga wao aliwachanja kifuani na kuwanyunyizia maji, na maji hayo, walisema, yakimkolea mtu hugeuza risasi kuwa matone. Ila dawa ilikuwa na masharti. Aliyechanjwa asimpe mkono ambaye hakuchanjwa. Asimguse mwanamke. Asile chakula kilichopikwa na mwanamke aliye katika siku zake. Hili la tatu ndilo lililonifikisha katika nyumba ya mkuu wa stesheni, Mbelgiji ambaye alikuwa ametoroka pamoja na mpishi wake, na ambayo sasa ilikuwa makao ya kamanda. Walitaka wapishi wawili wasiotiliwa shaka: mwanamke ambaye damu imekwisha kukatika, na msichana ambaye haijaanza. Mwanamke alikuwa Bi Salima, mjane wa mtaani kwetu. Msichana nilikuwa mimi. Hapa Zawadi ameinua kalamu, uso umemkunjamana, akaanza Kiingereza chake cha haki za wanawake. Nimemwambia aandike kwanza. Haki tutaijadili tukinywa chai.

Nyumba ile niliichungulia yote. Kamanda alilala katika chumba chenye kitanda cha pembe za shaba, na waliobaki walilala chini, sebuleni, vichwa vyao vikielekea saa ya ukutani ambayo hakuna aliyejua kuitia ufunguo. Beseni kubwa la kuogea lilikuwa limejaa kuku. Ndani ya kabati nilikuta droo iliyojaa uma ndogo mno, ndogo kuliko kidole, na mpaka leo sijajua zilikuwa za kulia kitu gani. Jiko lilikuwa kibanda cha matofali uani, lenye tanuri la chuma na stoo pembeni. Tulipika wali na maharage, sombe, yaani majani ya muhogo, kwa mawese, na samaki wakavu walipopatikana. Bi Salima alikuwa mrefu, mkali, hakuomba kitu kwa mtu. Ukikosea alikuonyesha mara moja tu. Ya pili alikunyang'anya kazi akaifanya mwenyewe huku akikutazama.

Mlinzi wa jikoni alikuwa Ramazani, mwana wa pekee wa Bi Salima, kijana wa miaka kama ishirini na miwili aliyekuwa akitengeneza baiskeli sokoni kabla hajachanjwa. Kila asubuhi, kabla moto haujawashwa, ilikuwa wajibu wake kusimama mlangoni na kutuuliza kwa sauti, wenzake wakisikia, kama tuko safi. Alikuwa akiona haya mpaka masikio yanang'aa.

“Mama, uko safi?”

“Weye Ramazani! Nani alikuosha wakati ulikuwa unajinyea? Leo ni weye unaniuliza mimi?”

“Mama, ni sheria. Sema tu, watu wanangoja.”

“Niko safi kupita mganga wako anayelala na viatu.”

Wapiganaji walicheka, wakapigana ngumi za mabega. Kisha Ramazani alinigeukia mimi, akiwa ameshusha pumzi. “Na weye, mutoto?”

“Niko safi, kaka.”

“Basi muingie.”

Hakuweza kumgusa mama yake. Sahani yake Bi Salima aliiweka juu ya jiwe, akarudi nyuma hatua mbili, ndipo mtoto wake akasogea kuichukua. Siku moja alimwona ana uzi umening'inia begani, akanyoosha mkono kuutoa kama mama yeyote, naye Ramazani akaruka kama aliyemwagiwa maji ya moto. Bi Salima aliingia stoo, akakaa juu ya gunia, nami nilichungulia nione kama analia. Hakulia. Alikuwa akiutazama mkono wake, akiugeuza huku na huku.

Wiki ya pili walimchukua baba. Wapiganaji hawakuwapenda watu wa kalamu. Waliona kila anayejua kuandika anaiandikia serikali. Wakamfungia depo, pamoja na makarani wengine na mwalimu mmoja. Wafungwa hawakupewa chakula. Walikula kile walicholetewa na ndugu zao, na mji wenyewe ulikuwa hauna kitu: maduka yamevunjwa, treni hazifiki, mashamba yanaogopwa. Mimi nilikuwa ndugu pekee wa baba pale mjini, na ujira wangu jikoni ulikuwa ukoko. Kila alasiri niliukwangua, nikaufunga katika jani la mgomba, na Ramazani akanisindikiza mpaka depo, akitembea mbele hatua kumi ili tusigusane. Alimwambia mlinzi wa pale, “Huyu ni mupishi wetu, mwache.” Baba alipokea kwa dirisha la nondo. Aliuliza kila siku, “Na weye umekula?” nami kila siku nilimjibu ndiyo. Wafungwa wawili wasio na mtu walikuwa wametolewa mle wamebebwa, na hawakurudishwa. Kwa hiyo jambo lilikuwa wazi kwangu kama maji ya glasi: siku nitakapotolewa jikoni, baba atakuwa wa tatu.

Mvua zilipoanza, asubuhi moja nilipochuchumaa bombani kuosha sufuria, niliona damu kwenye kitenge changu. Nilijua ni nini. Wasichana wa mtaani walikuwa wamenisimulia. Nilikaa nikiitazama, na nakiri kwamba kwanza nilistaajabu, kabla hofu haijafika, jinsi kitu kidogo vile, kisichozidi doa la mawese, kilivyoweza kuwaogopesha wanaume wenye mikuki. Kisha nikakumbuka depo. Nilijifunga kitenge cha pili juu ya cha kwanza, nikaenda mlangoni, nikaulizwa, nikajibu kwamba niko safi. Bi Salima alingoja mwanawe aondoke, akafunga mlango wa stoo nyuma yetu.

“Imeanza leo?”

“Nani amekuambia, Mama?”

“Vitenge viwili kwa joto hili? Mimi si mwanaume.” Alikaa juu ya gunia la maharage. “Nitamwambia Ramazani. Utatoka kwa adabu, hakuna atakayekupiga.”

“Usimwambie, Mama.”

“Mwanangu anakula chungu hiki, Mwamini,” alisema, akinitaja jina.

“Na baba yangu anakula ukoko wake.”

Alinitazama. Nje wapiganaji walikuwa wakimtania mwenzao aliyeogopa kuku. Nilisubiri, na sikuangusha macho, ingawa ilikuwa utovu wa adabu. Hatimaye alisimama, akavuta sufuria zote upande wake wa tanuri, akachora kwa ncha ya kisu mstari sakafuni. Akaniambia kwamba kwa siku hizo nisiuvuke. Nitapasua kuni, nitafagia, nitateka maji ya kuoshea sakafu lakini si ya kupikia. Mchele, chumvi, maharage, upawa, vyote vitaguswa na mkono wake peke yake. “Na mlangoni?” nikauliza. “Mlangoni utasema uko safi. Uongo huo ni wangu, nitaubeba mimi.” Zawadi ameniuliza kama Bi Salima aliamini kweli ile dawa. Aliamini. Alimcheka mganga na viatu vyake, lakini mwanawe alikuwa amefunikwa na ile dawa tu, hana kingine, na mama hawezi kulidharau shuka pekee alilojifunika mwanawe.

Mwezi ule mpango wetu ulikwenda sawa. Mstari sikuuvuka. Nilipomaliza siku zangu Bi Salima aliufuta kwa unyayo, akanirudishia upawa, na hatukulitaja tena. Mwezi uliofuata damu ilirudi, naye akachora mstari mwingine. Lakini siku ya pili yake aliamka na homa. Alifika jikoni akitetemeka, akamjibu mwanawe mlangoni kwa neno moja bila dhihaka, nami nikaona Ramazani akimtazama kwa mashaka. Jua halijapanda sana akaanguka kwenye mkeka ndani ya stoo, meno yakigongana. Na siku hiyo hiyo lori la wapiganaji lilikuwa linaondoka kwenda kwenye mapigano, na watu thelathini uani walikuwa wakingoja kula kabla ya kupanda.

“Usiguse,” aliniambia. Midomo ilikuwa mikavu. “Mwite Ramazani. Mwambie umejikata mkono. Aoshe mchele mwenyewe, atie chumvi mwenyewe, ageuze mwenyewe. Mwanaume anaruhusiwa. Umesikia?”

“Nimesikia, Mama.”

Ramazani alikuwa uani, hatua zisizozidi ishirini, ameinama akirudisha mnyororo wa baiskeli ya kamanda. Zawadi amenitazama sasa, kalamu mkononi, ananiuliza kama nilimwita. Nilifungua mdomo. Nikaona shingo yake, na chale za dawa zilizopanda mpaka juu ya ukosi, nyeusi, zimepangwa vizuri kama mshono. Miezi mitatu nilikuwa nimeisikia dawa hiyo asubuhi na mchana. Nilikuwa nimewasikia wakibishana kama mwenzao aliyekufa aligusa mbuzi jike. Nilikuwa nimechungulia kila chumba na kila kabati la nyumba ile, na lilibaki moja tu ambalo sikulifungua. Nilitaka kujua. Kama mkono wangu una nguvu ya kuyafuta maji ya mganga, nilitaka kuiona. Nikafunga mdomo. Nikaosha mchele, mkono wangu ukiwa ndani mpaka kiwiko, nikausugua kwa viganja vyote viwili kama niliyetumwa. Chumvi niliitia kwa vidole, si kwa kijiko. Miaka mingi nilijiambia kwamba nilifanya vile kwa hofu, kwamba nilichelea Ramazani asije akanitilia shaka na kunitoa. Hofu ilikuwapo. Lakini nimeishi kiasi cha kutosha kutofautisha, na kilichoutia mkono wangu chunguni siku ile hakikuwa hofu.

Nikaweka sahani ya Ramazani juu ya jiwe, nikarudi nyuma hatua mbili. Alikula amesimama. Alitafuna, akatua, akatazama upande wa stoo, kisha akanong'ona akitabasamu: “Leo chumvi imekaa muzuri, kupita ya Mama. Usimwambie.” Nikatazama mdomo wake ukitafuna, kila tonge. Nikatazama pia midomo ya wengine. Kisha wakapanda lori wakiimba, mganga akawanyunyizia maji kwa ufagio wa majani, na lori likatoka langoni.

Lilirudi siku ya tatu, mchana, watu wamepungua. Nilisimama nyuma ya dirisha la jikoni nikiwatafuta mmoja mmoja. Yule aliyeogopa kuku, aliyekula sahani mbili za wali ule, alishuka bila mkwaruzo. Mwingine aliyekataa kula kwa sababu tumbo lilimsumbua alikuwa ameletwa amefunikwa jani la mgomba. Nilikuwa nimetaka kujua, na nilipolipata jibu halikuniambia kitu. Ramazani hakuwamo kati ya walioshuka, wala kati ya waliofunikwa. Walisema risasi ilimwingia kifuani, katikati ya chale, na kwamba walimwacha kando ya njia kwa sababu walikuwa wakikimbia.

Bi Salima alipokea habari akiwa ameketi kwenye mkeka, homa imeanza kumwachia. Alingoja waliomletea habari waondoke, akaniita nikae mbele yake, karibu, magoti yetu yakagusana.

“Siku ile. Nani aligusa chungu?”

Nilikuwa na muda wa pumzi moja. Baba alikuwa bado depo. Nikasema, “Yeye mwenyewe, Mama. Nilimwita kama ulivyonituma. Alitia chumvi kwa mkono wake.”

“Alisema nini?”

“Alisema chumvi imekaa vizuri kupita ya kwako.”

Akacheka, kicheko kifupi, kama mtu aliyeguswa mbavu, kisha kile kicheko kikageuka, na hapo ndipo alipolia. Alinishika kichwa, akanilaza mapajani pake, akanishukuru. Nasema tena, Zawadi, andika: alinishukuru.

Wapiganaji waliondoka wiki chache baadaye, baada ya ndege kupita juu ya mji na askari wa serikali kufika kwa barabara. Baba alitoka depo anatembea kwa miguu yake, mwepesi kama kapu, lakini mzima. Jambo la kwanza alilofanya lilikuwa kuzitupa kalamu zake mbili mtoni. Akaapa kwamba hakuna mtoto wake atakayefundishwa kitu ambacho watu hufungiwa kwacho. Shule zilipofunguliwa, wenzangu walikwenda, mimi nikabaki, na kwa kweli sikumbembeleza. Kuna watu hapa, wale akina mama wa kanisani Lidcombe wanaotujazia fomu, hunihurumia wakiona dole gumba langu. Nawaacha wanihurumie. Hawajui bei ya ukoko wa baba yangu, na mimi sikuwahi kuwaeleza.

Bi Salima aliishi. Nilimpelekea chakula kila Ijumaa kwa miaka saba, kwa kuwa hakuwa na mtoto mwingine, na mtaa mzima ulinisifu. Alikula polepole, akizungumza juu ya jambo lile lile. Chungu kilikuwa safi, alisema, hilo tunalijua, Ramazani alikipika mwenyewe. Basi kosa lilikuwa lake. Ijumaa moja alisema labda alimpa mtu mkono, maana alikuwa mpole, hakuweza kumnyima mtu salamu. Ijumaa nyingine alisema labda kulikuwa na msichana. Akakasirika, akamtukana kama yuko mlangoni: alikuwa mkaidi tangu utoto, alikatazwa mto akaenda mtoni, alikatazwa baiskeli akapanda baiskeli, dawa ikampa masharti machache tu na hayo pia akashindwa. Alimhukumu kwa kila kosa ambalo kijana anaweza kulifanya, moja baada ya jingine, na hakuna hata moja alilolifanya. Mimi nilikuwa nimekaa pale, nimeshika kifuniko cha bakuli. Risasi ilimuua Ramazani. Wali haukumuua, nalijua hilo leo kama nilivyolijua nikiwa mkubwa wa kutosha kufikiri. Lakini mama yake hakulijua, na ningeweza kumwondolea mwanawe hukumu ile kwa sentensi moja.

Ijumaa ya mwisho kabla sijaolewa na kuondoka Kindu, nilimkuta ameketi wima, amevaa kitenge kipya, uso umetulia kuliko nilivyowahi kuuona. Akasema amepata. Kulikuwa na sharti jingine, alisema, ambalo watu hawakulitaja sana: anayekwenda vitani asigeuze shingo nyuma.

“Nilikuwa nimelala stoo, mlango wa uani wazi,” alisema. “Lori lilipofika langoni, Ramazani aligeuka. Nilimwona kwa macho yangu, nikadhani ni homa. Aligeuka kunitazama mimi, Mwamini. Ningekuwa mzima, nimesimama jikoni, angegeuka kwa nini? Hakuvunja kitu kingine, mwanangu. Alikuwa mtoto mwema. Ni mimi niliyemuua, kwa kuugua.”

Nilikuwa na miaka ishirini. Baba alikuwa mzima nyumbani, wapiganaji walikuwa wamesahauliwa, na hapakuwa na mtu hata mmoja duniani ambaye angenidhuru kwa kusema kweli. Alinitazama, akingoja, na nilijua anangoja nini: angalau mtu mmoja amwambie kwamba sivyo.

Nikafunua bakuli. Nikamwambia, “Kula, Mama, wali unapoa.”

Akanawa mikono, akala.